Nani Alimpenda Nani? Viwakilishi vya Kigiriki na Kiswahili Chetu



Nyumba ikijengwa, watu husifu kuta zake na bati zake. Misumari haisifiwi na mtu. Lakini ng'oa misumari, halafu ngoja siku ya upepo. Lugha nayo ina misumari yake. Ni vile vijineno ambavyo wenye sarufi huviita viwakilishi, kwa kuwa vyashika nafasi ya jina: yeye, huyu, hiki, ambaye, na ile silabi ndogo, "-ye-" au "-cho-", tunayoitia ndani ya kitenzi ili kurejesha maneno kwa jina lililotangulia.

Lawama tunayoileta leo ni hii. Katika kutafsiri, kusoma na kueleza Maandiko Matakatifu, tunayapima sana maneno makubwa, kama neema, agano, wokovu. Lakini vijineno tunavipita mbio. Tena mara nyingine imani yenyewe imepigwa msumari katika kijineno. Msomaji akikiharibu, watu waliokaa kwenye mabenchi husikia jambo lingine ambalo Mwinjili hakuliandika, na hakuna anayeshtuka.

Wengine watasema: Hayo ni mambo ya maprofesa wa seminari, sisi wakristu wa parokia yatuhusu nini? Yatuhusu sana. Maana si profesa anayesoma somo siku ya Dominika katika kapela ya kijijini; ni katekista, au mama wa jumuiya, au kijana wa shule. Na ndugu wa dhehebu lingine akija mlangoni na Biblia mkononi kutuuliza juu ya Bikira Maria, hamkuti profesa, atukuta sisi.

KIGIRIKI KINAVYOFANYA

Agano Jipya liliandikwa kwa Kigiriki. Katika lugha ile kila jina lina jinsi yake: la kiume, la kike, au la tatu lisilo la kiume wala la kike. Kwa hiyo kirejeshi chao kina maumbo matatu: "hos" kwa jina la kiume, "hē" kwa jina la kike, "ho" kwa jina la jinsi ya tatu. Kanuni yake ni fupi, nayo hukaririwa na kila mwanafunzi: kirejeshi ni mtumishi wa mabwana wawili. Jina lililotangulia humpa jinsi na hesabu, yaani kama ni mmoja au wengi. Kazi yake ndani ya maneno yanayofuata humpa hali, yaani kama ni mtenda au mtendwa. "Hos" ni yule atendaye. "Hon" ni yule atendwaye. Tofauti yao ni herufi moja tu.

Kiswahili hakina kiume na kike. "Alikuja" yaweza kuwa baba, yaweza kuwa mama. Lakini Kiswahili kina ngeli: mtu aliyekuja, kitu kilichokuja, neno lililokuja, siri iliyokuja. Mtu hachanganywi na kitu. Kifaransa hakina nguvu hiyo. "Qui" yake ya mtenda ni moja kwa mtu, kwa kitu na kwa siri.

Basi lugha yetu ina macho makali mahali fulani, na mahali pengine ni kipofu. Mtafsiri mwema ni yule ajuaye mahali pa kila jambo. Pale ambapo Kiswahili chaona, aache kione. Pale ambapo ni kipofu, akishike mkono.

MWANAFUNZI ALIYEPENDWA

Tuanze na upofu. Katika Injili ya Yohane yumo mwanafunzi asiyetajwa jina. Kwenye karamu ya mwisho ameegama kifuani pa Bwana. Chini ya msalaba anakabidhiwa Mama. Asubuhi ya Pasaka anakimbia kaburini. Mwinjili amtambulisha kwa pendo lililokuwa kati yake na Yesu, na neno analotumia ni "hon", lile la mtendwa. Mwenye kupenda ni Yesu. Mwanafunzi ndiye aliyependwa.

Sasa tuseme kwa Kiswahili: "mwanafunzi aliyempenda Yesu". Ni nani alimpenda nani? Maneno hayo yaweza kuwa na maana mbili. Yaweza kuwa mwanafunzi ambaye Yesu alimpenda. Yaweza kuwa mwanafunzi ambaye yeye mwenyewe alimpenda Yesu. Nao wasikilizaji wengi, wakisikia hivyo bila kuelezwa, hushika maana ile ya pili. Wanafikiri kwamba mwanafunzi huyo alisifiwa kwa sababu alikuwa na bidii ya kupenda kuliko wenzake.

Tofauti hiyo si ndogo. Mwinjili hakutaka kumsifu mwanafunzi kwa pendo lake. Alitaka kutuonyesha mtu ambaye hana jina wala sifa nyingine ila hiyo moja, kwamba Bwana alimpenda. Ndiyo habari njema yenyewe: pendo latoka kwanza kwa Mungu, kisha sisi twaitikia. Ukigeuza kirejeshi, umegeuza Injili: mtu amekuwa wa kwanza, na Mungu wa pili.

Katika Kiswahili chetu cha nyumbani hapa Kongo hatari yazidi. Wengi wetu twasema "yenye" kwa kila jambo: muntu yenye alikuya, kitu yenye nilisema. Tena mara nyingi hatutii ile "-m-" ndani ya kitenzi. "Mwanafunzi yenye alipenda Yesu": hapo mlango wa maana ya kweli karibu umefungwa kabisa. Hatuwalaumu watu kwa kusema lugha ya mama zao. Twamlaumu yule ambaye anaeleza Injili kwa lugha hiyo bila kuangalia. Dawa ni rahisi, nayo yapatikana katika Kiswahili cha kila namna: "mwanafunzi aliyependwa na Yesu". Hapo hata mtoto wa komunyo ya kwanza hawezi kupotea.

MARIA, AMBAYE KWAKE ALIZALIWA

Mfano wa pili wagusa imani yetu kwa Bikira Maria. Mtakatifu Matayo anafungua Injili yake kwa ukoo wa Bwana wetu. Husomwa tarehe 17 Desemba, na tarehe 8 Septemba katika sikukuu ya Kuzaliwa kwa Bikira Maria, na katika Misa ya kesha la Noeli. Majina ni mengi na wasomaji wengi huyaogopa. Wanakimbia ili wamalize. Na hatari kubwa inawangoja mwishoni kabisa.

Tangu Abrahamu mpaka Yakobo, baba wa Yosefu, kitenzi ni kilekile: huyu alimzaa huyu, naye alimzaa huyu. Wanawake wanne wametajwa njiani, Tamari, Rahabu, Ruta na mke wa Uria, lakini mwenye kuzaa, kwa kitenzi, ni mwanamume kila mara. Kisha mnyororo wafika kwa Yosefu, na hapo Matayo aukata. Hasemi kwamba Yosefu alimzaa Yesu. Amwita Yosefu mume wa Maria, kisha aandika "ex hēs", yaani "kutoka kwake", na kijineno hicho ni cha kike na cha mtu mmoja. Hakiwezi kumrudia Yosefu, kwa sababu Yosefu ni mwanamume. Hakiwezi kuwarudia wote wawili, kwa sababu si cha wengi. Chamrudia Maria peke yake. Kilatini kilishika vilevile kwa "de qua". Kifaransa hushika kwa "de laquelle".

Kiswahili chetu je? Tukiandika "Yosefu, mume wa Maria, aliyemzaa Yesu", tumeanguka shimoni mara mbili. Kwanza, "-ye-" haijui mwanamume wala mwanamke, basi yaweza kumrudia Yosefu kama imrudiavyo Maria. Pili, kitenzi "kuzaa" kwetu ni cha baba na cha mama pia. Na masikio yameshazoea kumsikia kila baba akizaa, mmoja baada ya mwingine. Msikilizaji ambaye hajafundishwa ataendelea na mnyororo bila kujua kwamba umekatika. Atasikia kwamba Yosefu alimzaa Yesu, yaani kinyume cha yale aliyoyaandika Matayo.

"Ambaye" peke yake haituponyi, maana nayo ni kipofu ileile. Hapa yatupasa kurudia jina: "Yosefu mume wa Maria, na ni kwake Maria alikozaliwa Yesu", au maneno mengine ya namna hiyo. Wako watakaosema kwamba kurudia jina ni kuongeza neno ambalo Kigiriki hakina. La. Kigiriki kinalo, ila limefichwa ndani ya "hēs". Mtafsiri anayelitoa nje haongezi kitu. Anatoa chenji kamili. Anayeliacha ndiye aliyepunguza. Na msomaji, kama kitabu alichopewa kina maneno ya mashaka, asikibadilishe kwa mamlaka yake mwenyewe mbele ya watu, bali apumzike kidogo kabla ya jina la Yosefu, asome polepole, na padri au katekista aeleze katika mahubiri.

SIRI "ILIYO" AU MTU "ALIYE"

Tusije tukadhani kwamba Kiswahili ni maskini tu. Hebu tuone mahali ambapo chashinda hata lugha za Ulaya.

Katika barua ya kwanza kwa Timoteo, sura ya 3, aya ya 16, Mtume asema juu ya siri kubwa ya dini yetu, kisha aanza maneno yanayofanana na wimbo, juu ya kuonekana katika mwili na kupaa katika utukufu. Neno "siri" kwa Kigiriki ni "mystērion", nalo ni la jinsi ya tatu. Kwa kanuni tuliyoitaja, kirejeshi kingepaswa kuwa "ho". Lakini hati za zamani zilizo bora zina "hos", la kiume. Sarufi yaonekana kuvunjika. Kwa nini? Kwa sababu siri hiyo si habari iliyofichwa sandukuni. Siri hiyo ni mtu, ni Yesu Kristu.

Waandishi wa baadaye waliona shida, na kila upande ulitafuta dawa yake. Wengine waliandika "ho" ili kirejeshi kipatane na "siri". Biblia ya Kilatini ya zamani, Vulgata, ilifuata njia hiyo kwa "quod". Wengine waliandika "Theos", yaani Mungu. Zamani zile Wagiriki waliandika kwa herufi kubwa, na majina matakatifu waliyafupisha. Theos ikawa ΘΣ na mstari mdogo juu yake. Kirejeshi "hos" ni ΟΣ. Angalieni wenyewe: mstari mmoja ndani ya duara na mmoja juu, na kirejeshi kimegeuka kuwa Mungu. Katika hati maarufu iitwayo Sinaiticus, ya karne ya 4, iliyotunzwa katika monasteri ya Mtakatifu Katarina chini ya mlima Sinai na ambayo sehemu yake kubwa sasa iko London, mkono wa kwanza uliandika ΟΣ. Mkono wa mtu wa baadaye sana ukaja kusahihisha uwe Theos.

Sasa pimeni kwa Kiswahili. "Siri iliyoonekana": ndiyo "ho". "Aliyeonekana": ndiyo "hos". "Mungu alionekana": ndiyo "Theos". Kila moja ina umbo lake, na sikio lasikia tofauti mara moja. Mfaransa akisema "le mystère qui", hawezi kukuonyesha kama ni siri au ni mtu. Yampasa aache kirejeshi na kutafuta njia nyingine. Sisi tunayo silabi moja, "-ye-", nayo yasema yote. Basi mtafsiri wa Kiswahili anayelainisha maneno na kuandika "siri iliyoonekana" ili kuwapendeza wenye kupenda upatano wa ngeli, amezima taa aliyopewa na lugha yake mwenyewe. Aache sarufi ivunjike pale ilipovunjika kwa Mtume.

Tena asiwepo mtu wa kuogopa kwamba tukiacha "Theos" hapa tumepunguza Umungu wa Kristu. Imani ya Eklezia haikutundikwa juu ya mistari miwili ya wino. Mwanzo wa Injili ya Yohane wasema kwamba Neno ni Mungu, na Tomaso alimkiri hivyo Yesu mfufuka.

Mfano unaofanana na huo uko katika sura ya kwanza ya Yohane, aya ya 13, juu ya kuzaliwa kwa Mungu, si kwa mapenzi ya mwili. "Waliozaliwa" au "aliyezaliwa"? Hati zote za Kigiriki tulizo nazo zina wingi: ni waamini waliozaliwa kwa Mungu. Lakini Tertulliano wa Kartago, mwanzoni mwa karne ya 3, alisoma umoja, akiona hapo kuzaliwa kwa Kristu mwenyewe, na akawashtaki wazushi kwamba ndio walioweka wingi. Biblia ya Yerusalemu ya Kifaransa iliyotoka mwaka 1956 ilifuata umoja huo. Sisi twaona ushahidi wa hati zote za Kigiriki ni mzito zaidi. Ubikira wa Maria umefundishwa waziwazi na Matayo na Luka. Hauhitaji kuombewa msaada kwa kubadilisha silabi.

KISIGINO NA KICHWA CHA NYOKA

Hapa ndipo tunaposhtakiwa mara nyingi. Katika kitabu cha Mwanzo, sura ya 3, aya ya 15, Mungu aweka uadui kati ya nyoka na mwanamke, kati ya uzao wa nyoka na uzao wa mwanamke. Kisha atabiri kupondwa kwa kichwa cha nyoka. Nani atakiponda? Vulgata iliandika "ipsa", yaani yeye mwanamke. Ndiyo maana sanamu nyingi, na ile medali iliyoenea duniani baada ya matokeo ya Paris ya mwaka 1830, zamwonyesha Bikira Maria akimkanyaga nyoka. Ndugu zetu wa madhehebu mengine wasema: Wakatoliki wamebadilisha Biblia.

Tujibu bila hasira na bila uongo. Kiebrania kina kiwakilishi cha kiume, kwa kuwa "uzao" kwa Kiebrania ni jina la kiume. Kwa hiyo "ipsa" si tafsiri ya Kiebrania, na Eklezia yenyewe imelisahihisha: Vulgata Mpya, iliyotangazwa na Papa Yohane Paulo II mwaka 1979, yasema "ipsum", yaani huo uzao. Aliyesema tumeficha jambo hilo hajatazama.

Lakini tazameni ajabu ya Kigiriki. Wayahudi wa Aleksandria, waliotafsiri vitabu vya Musa katika karne ya 3 kabla ya Kristu, waliandika uzao kwa neno "sperma", ambalo ni la jinsi ya tatu. Kiwakilishi kingekuwa "auto". Wao waliandika "autos", la kiume: yeye, mtu mmoja mwanamume. Hawakuwa wakristu, wala hawakuwa na haja ya kutupendeza. Mababa wa Eklezia walipoliona neno hilo walimwona Masiya ndani yake.

Kwa Kiswahili tukisema "huo utakuponda", tumefuata jina "uzao", na ni sawa kwa Kiebrania. Tukisema "yeye atakuponda", tumekaribia "autos". Lakini hapo upofu wetu warudi, maana "yeye" yaweza kuwa Mtoto, yaweza kuwa Mama. Katekista asijifiche nyuma ya mashaka hayo ili ashinde ubishi. Aseme kweli: anayeshinda ni Kristu, uzao wa mwanamke, na Maria ashiriki ushindi huo kwa neema ya Mwanae. Ndivyo alivyofundisha Papa Pius IX mwaka 1854, alipotangaza kwamba Maria alikingiwa dhambi ya asili: kwanza Mkombozi, kisha Mama aliyeungana naye. Medali yetu yasema kweli hiyo, hata kama "ipsa" haikuwa tafsiri sawasawa.

TUSIFANYE KIJINENO KUWA RUNGU

Tumewalaumu wale wanaoviruka vijineno. Haki yatutaka tuwalaumu pia wale wanaovitumia kama rungu. Kosa hili huwapata hasa wenzetu waliosoma kidogo seminarini.

Husema hivi: Roho kwa Kigiriki ni "pneuma", jina la jinsi ya tatu, lakini Yesu, katika sura ya 14 na ya 16 za Yohane, amwita "ekeinos", yule wa kiume, basi sarufi yathibitisha kwamba Roho Mtakatifu ni Nafsi. Mafundisho ni ya kweli, lakini hoja ni dhaifu. Katika maneno hayo limetangulia jina lingine, "paraklētos", Msaidizi, nalo ni la kiume. "Ekeinos" lalifuata jina hilo kama kawaida. Tena pale kirejeshi kinapoifuata "pneuma" yenyewe, huwa "ho", la jinsi ya tatu, bila shida. Hata katika Kanuni ya Imani ya Konstantinopoli ya mwaka 381, pale Eklezia inapomkiri Roho kuwa Bwana mleta uzima, sarufi ya Kigiriki imebaki ya jinsi ya tatu. Mababa hawakuona haja ya kuivunja.

Tunajua kwamba Roho ni Nafsi kwa matendo yake: afundisha, akumbusha, ashuhudia, atumwa. Kitu hakifundishi. Na hapa tumshukuru Mungu kwa ajili ya waliotutangulia katika kutafsiri. Kwetu "roho" ya mtu ni "roho yangu", "roho inachoka". Lakini hatukupewa "roho takatifu"; tulipewa Roho Mtakatifu, ambaye anakuja, anayefundisha. Wangefuata umbo la Kigiriki kwa upofu wangeandika "ambayo", nao wangedanganya. Walifuata maana. Tazameni basi: kwa Timoteo yafaa kuvunja upatano kwa sababu Mtume aliuvunja, kwa Roho haifai kunakili jinsi ya tatu, kwa sababu kwa Kigiriki ni desturi ya sarufi tu, na kwetu ingekuwa fundisho la uongo. Kanuni ni moja: usitafsiri umbo, tafsiri kile ambacho umbo linasema.

Vivyo hivyo kwa maneno ya Bwana juu ya Ekaristi. Kigiriki chasema "touto", la jinsi ya tatu, ambapo mkate, "artos", ni wa kiume, na mwili, "sōma", ni wa jinsi ya tatu. Kilatini kina "hoc", si "hic". Kiwakilishi kimepatana na mwili, si na mkate. Kwetu mkate na mwili ni wa ngeli moja, basi "huu" wafaa kwa yote mawili, na tofauti haisikiki. Yafaa katekista awaambie watoto kwamba Bwana hakusema "mkate huu". Lakini asijenge imani yote hapo, maana kwa kawaida Kigiriki hupatanisha kiwakilishi kama hicho na jina linalofuata. Twasadiki kwa sababu Bwana amesema ni mwili wake, na Eklezia imeshika neno hilo tangu Mitume.

MANENO YA MWISHO

Tumesema ya kutosha. Sasa tuseme tunachoomba.

Kwanza, walimu wa seminari. Sisi tulijifunza Kigiriki kupitia Kilatini na Kifaransa: "hos" ni "qui", "hon" ni "que". Ni njia ndefu, na njiani ngeli zetu hupotea. Mwanafunzi afundishwe "hos" kwa "-ye-", "hon" kwa "ambaye ... -m-", na aonyeshwe mapema pale ambapo Kiswahili hakioni. Papa Pius XII, katika barua yake ya mwaka 1943 juu ya masomo ya Biblia, alitaka wenye kufafanua Maandiko wazijue lugha zake za asili. Na Mtaguso wa Vatikano wa Pili, mwaka 1965, ulitaka tafsiri zifanywe hasa kutoka lugha hizo. Agizo hilo halitatimia kama twazisoma kwa miwani ya wengine.

Pili, watafsiri. Kila wanapoandika "-ye-" wajiulize: yamrudia nani, na ni mtenda au mtendwa? Maneno yakiwa na watu wawili, warudie jina. Masikio hayana jicho la kurudi nyuma kwenye ukurasa.

Tatu, sisi makatekista na wasomaji. Jumamosi jioni tuchukue kitabu, tulisome somo kwa sauti mbele ya mke, au mtoto, au jirani, kisha tumwulize: Nani alimpenda nani? Nani alimzaa nani? Akijibu vibaya, kosa si lake. Tumepata nafasi ya kujitengeneza kabla ya Misa, wakati bado hakuna aliyepotoshwa.